Nani anawahesabu waliouawa? Kazi ya kufuatilia Wanazi mamboleo Ujerumani inavyofanyika

Nianzie mbali kidogo. Mi nilisoma uhandisi wa maji, na yeyote aliyepita kwenye hiyo fani analijua jina la Gumbel, maana ukitaka kujenga daraja au bwawa lazima ukadirie mafuriko makubwa kiasi gani yanaweza kuja mara moja kwenye miaka 50 au 100, basi unachukua rekodi za mto, unaziingiza kwenye kanuni ya Gumbel, unapata jibu. Tulikuwa tunaliandika hilo jina kwenye daftari kama jina la kifaa tu. Hakuna aliyetuambia kwamba Emil Julius Gumbel, Mjerumani, kabla dunia haijamjua kwa mafuriko alikuwa anahesabu watu waliouawa, na hiyo hesabu ndo ilimkosesha kazi na baadaye nchi.

Ilikuwa baada ya vita kuu ya kwanza. Ujerumani imeshindwa, mfalme ameondoka, na vikundi vya wanajeshi na wazalendo wa siasa kali za kulia wanaua wapinzani wao mchana kweupe. Rosa Luxemburg na Karl Liebknecht, viongozi wa wakomunisti, waliuawa Berlin Januari 1919, hao wanajulikana, lakini kulikuwa na mamia wengine ambao majina yao yalipita kwenye gazeti siku moja yakapotea. Machi mwaka huohuo wanajeshi wakaenda nyumbani kwa Gumbel mwenyewe kumtafuta, akapona kwa sababu tu alikuwa amesafiri kwenda Bern. Yeye akaanza kukusanya: vipande vya magazeti, hukumu za mahakama, maelezo ya mashahidi na mawakili, kesi moja baada ya nyingine, na ile ambayo hakuwa na uhakika nayo haikuingia kwenye orodha. Mwaka 1922 akachapisha: mauaji ya kisiasa 354 yamefanywa na watu wa kulia, na 22 na watu wa kushoto. Kati ya yale 354, 326 hayakuadhibiwa kabisa. Wa kushoto 10 walinyongwa au kupigwa risasi kwa hukumu na waliofungwa walikula wastani wa miaka 15, wa kulia wastani wa kifungo ulikuwa miezi 4. Wizara ya sheria ikachunguza madai yake na ikashindwa kumkanusha. Chuo kikuu cha Heidelberg kilimnyang'anya ruhusa ya kufundisha mwaka 1932, mwaka uliofuata Hitler akaingia, vitabu vyake vikachomwa, uraia ukafutwa, akaishi Ufaransa halafu 1940 akakimbilia Marekani.

Nimemleta Gumbel kwa sababu watu wengi wakisikia mtafiti wa makundi ya siasa kali za kulia wanafikiria jamaa aliyevaa kofia na kujipenyeza kwenye mikutano ya siri na kamera kwenye kifungo cha shati. Hao wapo, wachache. Lakini sehemu kubwa ya kazi ni kama ya Gumbel, unakusanya karatasi, unatunza, unahesabu, unasubiri, na mara nyingi wakati unatunza hujui kabisa unachotunza kina maana gani. Mfano ninaoujua vizuri kuliko yote ni kesi ya NSU, na nataka niieleze kwa urefu kwa sababu ndani yake kuna kila kitu.

NSU ni kifupi cha maneno ya Kijerumani yenye maana ya Wanazi wanaofanya kazi chini kwa chini. Vijana watatu wa mji wa Jena, Uwe Mundlos, Uwe Böhnhardt na Beate Zschäpe. Januari 1998 polisi waliingia kwenye gereji waliyokuwa wanaitumia wakakuta mabomu ya bomba, wenyewe wakatoroka. Kuanzia Septemba 2000 mpaka Aprili 2006 wakaua watu 9 kwa bastola ileile moja aina ya Česká: Enver Şimşek aliyekuwa anauza maua Nürnberg, Abdurrahim Özüdoğru, Süleyman Taşköprü, Habil Kılıç, Mehmet Turgut, İsmail Yaşar, Theodoros Boulgarides aliyekuwa ndo kwanza amefungua duka la kuchonga funguo München, Mehmet Kubaşık wa Dortmund, na Halit Yozgat wa Kassel, kijana wa miaka 21. Wanane wana asili ya Uturuki, mmoja Mgiriki. Mwaka 2007 wakamuua askari wa kike, Michèle Kiesewetter, mjini Heilbronn. Hapo katikati wakalipua mabomu, la Juni 2004 lililipuka mtaa wa Keupstraße mjini Köln, mtaa wa maduka ya Waturuki, limejazwa misumari, likajeruhi watu 22. Na pesa walikuwa wanapata kwa kuvamia mabenki.

Sasa polisi walikuwa wapi? Walikuwepo, na wengi tu, ila walikuwa wanawachunguza marehemu. Bastola moja, wahanga wenye asili ya nje, wenye biashara ndogondogo, wanauawa dukani kwao, na kikosi maalumu cha uchunguzi kikapewa jina la Bosporus, yaani ule mlango bahari wa Istanbul, kabla hawajajua chochote jina lenyewe limeshaonyesha wanaangalia upande gani. Waliamini ni madawa ya kulevya, ni mafia, ni madeni, ni mambo ya kulipizana kisasi. Mke wa Enver Şimşek alioneshwa picha ya mwanamke akaambiwa huyu alikuwa hawara wa mumeo, na ulikuwa uongo wa kumchokonoa aongee. Nürnberg polisi wakafika hatua ya kufungua kibanda cha kuuza döner, ile nyama ya Kituruki kwenye mkate, ili wawanase wale mafia wa kufikirika. Magazeti nayo yakayaita mauaji ya döner, kama vile kilichouawa ni chakula. Familia ziliishi hivyo miaka na miaka, majirani wanawakwepa, watoto wanaulizwa shuleni baba yako alikuwa anauza unga au vipi.

Na familia walijua. Hili ndo linaniuma kuliko yote. Mei 2006, mwezi mmoja tu baada ya Halit kuuawa, familia zikaandamana Kassel, kisha Dortmund, na bango lao liliandikwa kwamba hawataki muhanga wa 10. Walisema wazi huyu muuaji anawatafuta wageni, anachukia watu kama sisi. Kuna hata mchambuzi wa polisi wa Bavaria ambaye mwaka huohuo alileta hoja kwamba huenda ni mtu mwenye chuki na Waturuki, ikasikilizwa nusu ikaachwa. Magazeti makubwa karibu hayakuandika kitu kuhusu maandamano. Na kusema ukweli hata wanaharakati wa Kijerumani wanaopinga Wanazi, ambao kazi yao ni hiyohiyo, wengi hawakwenda kuandamana na hizo familia, na baadaye walikiri kwamba hawakuwasikiliza.

Ukweli ukaja wenyewe tarehe 4 Novemba 2011. Mundlos na Böhnhardt walivamia benki Eisenach, polisi wakaikuta gari yao ya kulala, ndani jamaa wawili wamekufa na gari linaungua. Siku hiyohiyo Zschäpe akaichoma nyumba waliyokuwa wanaishi Zwickau, akatuma DVD kwenye magazeti, misikiti na vyama, video ya kujisifu iliyotengenezwa kwa katuni, wakiwahesabu waliowaua. Siku 4 baadaye akajisalimisha Jena. Nchi nzima ikashtuka, kila ofisi ikasema hatukuwahi hata kulisikia hilo jina la NSU.

Hapa ndo hadithi ya karatasi inaanza kunoga. Berlin kuna hifadhi ya nyaraka inayoitwa apabiz, ilianzishwa 1991, inaendeshwa na watu wa kawaida wanaopinga ufashisti. Kazi yao ni kukusanya chochote ambacho Wanazi mamboleo wanachapisha: vijarida, vipeperushi, stika, bango la tamasha la muziki, magazeti ya vyama vidogo ambavyo vimeshakufa. Kuna kijarida kimoja kiliitwa Der Weisse Wolf, cha kutoa kopi na kubana na pini, kinasomwa na watu wachache tu. Mwaka 2012, baada ya jina la NSU kujulikana, wakarudi kwenye makabati wakaanza kufungua toleo moja moja, na kwenye toleo la 18, la mwaka 2002, kwenye maneno ya utangulizi, wakaukuta mstari mmoja: asante sana NSU, imezaa matunda, mapambano yanaendelea. Na baada ya hayo maneno kuna kile kialama cha kukonyeza jicho.

Yaani miaka 9 kabla nchi haijashtuka, jina lilikuwa limeshachapishwa. Wakati ule waliouawa walikuwa wameshafika 4, na kuna wenzao wa hao wauaji walikuwa wanalijua kundi, wanalishukuru hadharani kwa sababu liliwatumia msaada wa pesa. Kijarida kilikaa kabatini na hakuna aliyejua ule mstari unasema nini, na idara ya usalama wa ndani nayo iliwahi kuwa na nakala. Ukiniuliza kwa nini mtu apoteze maisha yake kupanga matakataka ya chuki kwa mwaka na kwa jina la mchapishaji, jibu langu ni huu mstari mmoja. Thamani ya karatasi inakuja baadaye, na ikija hukuti tena mahali pa kuinunua.

Siku hizi sehemu kubwa iko mtandaoni, makundi ya Telegram, video za laivu, maduka ya fulana, na watafiti wanatumia njia ileile ila kwa haraka zaidi maana posti inafutwa ndani ya saa moja. Unapiga skrinshoti ya ukurasa mzima, unahifadhi linki, tarehe na saa, unahifadhi pia nakala kwenye hifadhi ya nje ambayo wewe mwenyewe huwezi kuibadilisha, ili kesho mtu asiseme umetengeneza. Halafu unalinganisha, huyu aliyepigwa picha kwenye maandamano ya mji huu ndo yuleyule aliyesajili ukumbi wa tamasha mji ule? Jina lipo kwenye orodha ya wagombea wa udiwani? Wabunge wanaoshirikiana na watafiti wanapeleka maswali ya maandishi serikalini, na majibu yanakuwa nyaraka za umma, matamasha mangapi ya Wanazi yamefanyika mwaka huu, watu wangapi wenye hati ya kukamatwa hawajapatikana. Ni kazi ya kuchosha macho, na inaingia moyoni, maana kutwa nzima unasoma watu wanaokuchukia.

Tatizo la kuhesabu liko palepale pia. Novemba 1990 mjini Eberswalde, kijana wa Angola anaitwa Amadeu Antonio, miaka 28, alikuja Ujerumani Mashariki kama mfanyakazi wa mkataba, alishambuliwa na kundi la vijana kama 50 waliotoka kuwatafuta Waafrika, polisi wenye silaha walikuwa karibu na hawakuingilia, akafariki Desemba. Kuna taasisi imepewa jina lake, na ni miongoni mwa wanaotunza orodha ya waliouawa na watu wa siasa kali za kulia tangu 1990, orodha yao imepita watu 200. Ya serikali iko karibu nusu ya hapo. Tofauti inatoka wapi? Inatoka kituo cha polisi, siku ya kwanza. Askari anayeandika faili ndo anaamua kama hili tukio ni la kisiasa au ni ugomvi wa walevi, na akishaandika ugomvi wa walevi ni mara chache mtu kurudi kubadilisha. Mtu asiye na makazi akipigwa mpaka kufa na vijana wenye alama za Kinazi mwilini, wataandika walikuwa wamelewa, na kweli walikuwa wamelewa, lakini mbona hawakumpiga mwenye suti?

Jimbo la Brandenburg walikubali kufanya kitu ambacho naona kila jimbo lingefanya. Wakakipa kituo cha utafiti cha Potsdam mafaili ya zamani wayasome upya, moja moja. Kazi ilipoisha 2015, idadi rasmi ya waliouawa jimboni ikapanda kutoka 9 mpaka 18, na vifo vyenyewe ni vya zamani, mafaili ni yaleyale yaliyokuwepo siku zote.

Turudi kwenye NSU. Kesi ilifunguliwa München tarehe 6 Mei 2013, ilitakiwa kuanza Aprili ila ikasogezwa kwa sababu nafasi za waandishi zilivyogawiwa hakuna chombo cha Kituruki hata kimoja kilichopata kiti, na wahanga 8 kati ya 10 ni wenye asili ya Uturuki, mpaka mahakama ya katiba ikaingilia. Kitu ambacho wengi hawakijui, kesi ya namna hii Ujerumani hairekodiwi neno kwa neno. Hakuna kaseti, hakuna mpiga chapa anayeandika kila kitu, anachosema shahidi kinabaki kwenye kumbukumbu za majaji na kwenye noti za watu binafsi. Shahidi akijikanyaga leo, mwaka 2030 utathibitisha kwa kitu gani?

Basi vikundi vya kupinga ufashisti, apabiz wakiwemo, wakaanzisha NSU-Watch, wakaamua hakuna siku ya kesi itakayopita bila mtu wao kuwa ndani. Kesi ikaenda siku 438. Miaka 5! Wanapanga zamu, wanaandika kwa kadiri mkono unavyoweza, jioni wanalinganisha noti, wanachapisha kwa Kijerumani na Kituruki ili familia zisome kwa lugha yao. Kuna Wanazi mamboleo walikuja pale kama mashahidi wakawa wanajibu sikumbuki, sikumbuki, sikumbuki, na yale masikumbuki yote yameandikwa, nani alisema siku gani, hakimu alimfanyaje. Tarehe 11 Julai 2018 Zschäpe akahukumiwa maisha, wenzake 4 waliosaidia wakapata vifungo kati ya miaka 2 na nusu na 10. Hukumu ya maandishi ilitoka 2020, kurasa 3,025.

Kwa nini haya yote yafanywe na watu wa pembeni wakati kuna idara ya usalama wa ndani yenye bajeti na mamlaka? Sababu mojawapo ni mainfoma. Idara ilikuwa inawalipa Wanazi mamboleo ili watoe habari, na kiongozi mmoja wa kundi ambalo hawa watatu walitokea, Thüringer Heimatschutz, alilipwa kwa miaka kadhaa kama Deutschmark 200,000 (pesa ya Ujerumani kabla ya euro), na pesa nyingine kwa maneno yake mwenyewe iliingia kwenye kuendesha kundi. Sasa idara ikiwa na watu wake ndani, inawalinda, haipendi polisi wawakamate, haipendi mahakama isome mafaili. Novemba 2011, siku chache baada ya Zschäpe kujisalimisha, mafaili ya mainfoma yalichanwa kwenye mashine ofisini makao makuu Köln. Ilipojulikana, mkuu wa idara Heinz Fromm akajiuzulu Julai 2012. Ndo maana mi siamini kumbukumbu ya hivi vitu iachwe mikononi mwa taasisi moja ambayo nayo ina cha kuficha.

Kassel ndo inaonyesha hili kwa karibu kabisa. Tarehe 6 Aprili 2006 jioni, Halit Yozgat yuko kwenye intaneti kafe ya familia, mtaa wa Holländische Straße. Anapigwa risasi mbili za kichwa akiwa mezani kwake. Baba yake, mzee İsmail, anafika kuja kumpokea zamu, anamkuta, mtoto anafia mikononi mwake. Kati ya wateja waliokuwepo mle ndani kwenye kompyuta muda ule, mmoja alikuwa ofisa wa idara ya usalama ya jimbo la Hessen. Hakujitokeza kwa polisi kama wateja wengine, alipatikana kwa kufuatilia kompyuta aliyotumia. Akasema hakusikia risasi, na wakati wa kutoka aliweka sarafu juu ya meza ya kaunta na hakuona mtu nyuma yake. Alichunguzwa na hakushtakiwa.

Miaka 11 baadaye kundi la watafiti wa London, Forensic Architecture, wakiombwa na harakati ya wananchi iliyokuwa inaandaa mahakama ya umma kuhusu NSU, wakalijenga lile duka upya. Lote, ukubwa uleule, mita za mraba 77, ndani ya ukumbi Berlin. Walikuwa na data za kuingia na kutoka kwenye kompyuta na simu, na video ya polisi ambamo yule ofisa anaonyesha alivyotembea, zilizokuwa zimevuja. Muda wote wa tukio waliupata ni dakika 9 na sekunde 26. Wakapima mlio wa risasi yenye kiwambo cha sauti unafikaje kwenye kompyuta ya nyuma, moshi wa baruti unasambaaje, na mtu mrefu kama yule akisimama kwenye kaunta kuweka sarafu macho yake yanaona nini. Wakahitimisha kwamba maelezo yake hayawezi kuwa kweli. Matokeo yalionyeshwa Kassel kwenyewe, kwenye maonyesho makubwa ya sanaa ya 2017, si mbali na lile duka.

Na Hessen haohao, idara ilivyojichunguza yenyewe, ikaandika ripoti ikaifungia kwa miaka 120. Yaani ifunguliwe 2134, wakati mtoto wa mtoto wa Halit, kama angeishi akamzaa, ameshazeeka. Watu zaidi ya 130,000 wakasaini kupinga, wakapunguza ikawa miaka 30. Juni 2019 akauawa mwanasiasa wa jimbo hilohilo, Walter Lübcke, kwenye baraza la nyumba yake, na aliyemuua, Stephan Ernst, ni Nazi mamboleo wa miaka mingi wa Kassel ambaye jina lake lilikuwemo kwenye ile ripoti iliyofungiwa, mara 11. Oktoba 2022 waandishi na wanaharakati wa haki ya habari wakaivujisha, na ndani watu wakasoma jinsi taarifa kuhusu silaha zilivyopokelewa zikaachwa bila kufuatiliwa na jinsi mamia ya nyaraka yalivyokuwa hayaonekani.

Nisiwapambe hawa watafiti kupita kiasi, nao wanakosea. Kwenye kesi hiyo ya Lübcke kulitoka picha iliyodaiwa kumuonyesha Ernst kwenye mkutano wa Wanazi mamboleo jimbo la Saxony miezi michache kabla ya mauaji, ikarushwa mpaka kwenye televisheni, baadaye ikathibitika ni mtu mwingine. Uso mmoja unafanana na uso mwingine, basi. Kosa kama hilo linaweza kumharibia mtu asiyehusika maisha, na linawapa Wanazi silaha ya kusema wote hawa ni waongo. Waliosahihisha walisahihisha hadharani, ndo inavyotakiwa. Gumbel alilijua hili miaka 100 iliyopita, kesi yenye shaka anaiacha nje hata kama moyo unamwambia ni kweli, na ndo maana wizara haikumpata.

Hatari nayo ipo. Kwenye mabaki ya nyumba ya Zwickau polisi walikuta data za majina na anwani zaidi ya 10,000, wanasiasa, misikiti, vyama, yaani hao jamaa nao wanafanya utafiti wao. Ndo maana watafiti wengi hawaandiki kwa majina yao, hawaweki picha za watoto, na hawaendi kwenye maandamano ya Wanazi peke yao.

Mzee İsmail Yozgat tangu kabla kesi haijaanza ana ombi moja, na alilisema mahakamani zaidi ya mara moja, hataki pesa, anataka Holländische Straße iitwe Halitstraße, kwa sababu mwanawe alizaliwa kwenye mtaa huo na akauawa kwenye mtaa huohuo. Mwaka 2012 mji ulimpa kiwanja kidogo pembeni, Halitplatz, na kituo cha tramu chenye hilo jina. Mzee alishukuru, halafu akaendelea kuomba mtaa.